Nyama ya Karai Bila Ugali

Watu wakija kwangu siku hizi wakaona nimepakua nyama na mboga bila ugali, bila wali, bila hata kipande cha muhogo, huniuliza kama na mimi nimeanza mambo ya wasichana wanaotaka kupunguza kiuno. Mimi na kiuno wapi na wapi. Chakula hiki nilianza kukipika Naguru, Kampala, kwenye nyumba za polisi, miaka ile ya utawala wa wanajeshi, na sikukipikia kiuno cha mtu. Nilikipikia mguu.

Mguu wenyewe ulikuwa wa mume wangu. Alikuwa fundi wa magari ya polisi, mtu wa kaskazini ng'ambo ya Nile, Mwislamu wa kusali sala zake bila kumsumbua mtu. Mimi ni mtoto wa Mombasa, Mkristo wa kubatizwa. Tulikutana alipotumwa bandarini kuchukua magari mapya. Karatasi za magari zikachelewa, yeye akakaa akizisubiri, na katika kusubiri huko akawa anakula kwenye mkahawa wa Mchina mmoja ambako mimi nilikuwa nakata mboga jikoni. Mengine yanajulikana. Kwetu walisema nimeolewa mbali mno, kwao walisema ameoa mwanamke asiyejua kusonga ugali wa muhogo na wimbi. Kusema kweli, wote hawakukosea.

Ugonjwa wake ulianza kwa kiu. Anakunywa maji, anatoka nje, anarudi, anakunywa tena. Nikamtania kwamba amegeuka rejeta ya lori bovu. Akacheka. Halafu buti likamchubua kidole cha mguu wa kulia, kidonda kidogo tu cha kupaka dawa ukasahau, lakini hiki hakikusahaulika. Kilikaa. Kikaanza kutanuka, na kila jioni nikikisafisha naona kimekula nyama zaidi. Hapo kicheko kikaniisha.

Hospitali alitupokea daktari kijana, maana wakubwa wake wengi walikuwa wamekwisha kuondoka nchini mmoja mmoja bila kuaga. Akapima mkojo, akasema ni sukari. Mimi nilitaka kumcheka usoni, Mungu anisamehe. Sukari ipi? Kampala nzima ilikuwa inakunywa chai ya maji na majani. Hata jirani yangu, mke wa sajenti, alipopata habari alinivuta pembeni kwenye kamba ya nguo akaninong'oneza, "Dada, niambie mimi peke yangu. Hiyo sukari mnaipata wapi?" Nikamwambia angalia tu nisipatwe na mume mgonjwa na fununu ya ulanguzi kwa wakati mmoja, maana kwa miaka ile hilo la pili lilikuwa linaua haraka zaidi.

Daktari alitueleza bila kupamba. Sindano za ugonjwa huo zimekwisha na hajui zitakuja lini. Vidonge pia hakuna. Kilichobaki ni chakula. Akahesabu kwa vidole na mume wangu akirudia baada yake kama anayepokea amri: ugali, matoke, wali, muhogo, viazi, mkate, sukari. Vyote aache. Ale nyama, mayai, samaki na mboga za majani. "Kidonda kikikauka, mguu wako unao," akasema. "Kisipokauka, itabidi tukate ili tukuokoe wewe."

Tulirudi nyumbani. Sote wawili tulijua hesabu ilivyo. Fundi asiye na mguu hakanyagi klachi, na polisi hawamweki fundi asiyefanya kazi, na nyumba ile ya vyumba viwili ilikuwa ya kazi, si yetu. Lakini nikuambie ukweli, sikuwaza nyumba sana. Nilimwaza yeye. Alikuwa mtu wa kutembea, yule. Jumapili alikuwa akinisindikiza kanisani kwa miguu hadi chini kabisa ya kilima, Mwislamu yule, kisha ananisubiri nje chini ya ukuta akisoma gazeti mpaka tutoke. Nilijiambia mguu ule hauondoki na mimi nipo.

Basi nikaanza kupika kama nilivyofundishwa na Mchina. Mkahawani kwake hakuna kitu kilichokuwa kinachemshwa mpaka kikaomba msamaha. Kila kitu kilikatwa chembamba, moto mkali, karai tupu, mwiko hautulii, na kabla hujamaliza kuimba ubeti mmoja chakula kiko mezani. Sikuwa na karai la kupikia, nikachukua lile la mafundi wa ujenzi, jipya, nikalisugua kwa mchanga na majivu, nikalichoma na mafuta mara kadhaa mpaka likawa jeusi na laini. Wake wa polisi walikuja kulitazama. Mmoja akauliza kama tunajenga.

Nyama ndiyo iliyokuwa adimu. Ilinibidi kutoka alfajiri, giza likianza tu kufifia, niteremke hadi soko la Nakawa nipange foleni kabla wachinjaji hawajafungua. Foleni yenyewe haikuwa na uhakika. Mko mmepanga vizuri, mmeshaanza kuzoeana na kuulizana habari za watoto, mara lori linashuka kutoka kambi ya jeshi ya Mbuya, askari wanapita mbele, wanachukua paja zima, na mchinjaji anatabasamu kwa meno ya mbele tu. Wakiondoka anatugeukia sisi tuliobaki, "Njooni mama, nyama nzuli bado iko." Nzuri au mbaya, tulichukua. Mimi niliomba kipande kisicho na mafupa, na kando yake niliomba shahamu, yale mafuta meupe ya ng'ombe ambayo watu walikuwa hawayataki. Mafuta ya kupikia ya kopo yalikuwa yamebaki kwenye hadithi.

Nikifika nyumbani nainoa kisu kwenye ukingo wa ngazi ya saruji. Nyama naikata kinyume na nyuzi zake, vipande vyembamba vya kuonyesha mwanga, maana ukiikata kufuata nyuzi utakuwa unatafuna mpaka siku ya kiama. Naitia tangawizi na kitunguu saumu vilivyotwangwa, chumvi kidogo ikiwepo, naiacha itulie. Wakati huo nakata mboga: kabichi nyuzinyuzi, pilipili hoho, nyanya chungu, bilinganya, na nakati, yale majani machungu kidogo ambayo Waganda wanayapenda na mimi nikaja kuyapenda. Karoti naweka moja tu, kwa ajili ya rangi. Kila mboga kwenye sahani yake. Hapo ndipo wanapokosea wengi, wanarundika vyote pamoja, mboga zinatoa maji, karai linageuka sufuria.

Halafu moto. Makaa mekundu kweli, si yanayofukafuka tu. Nayeyusha shahamu, natoa makapi yake, naacha karai lianze kutoa moshi. Nyama inaingia kidogo kidogo, inalia, naigeuza, natoa. Kitunguu. Zile ngumu kwanza, nyanya chungu na bilinganya, kisha hoho, kisha kabichi, nakati mwisho kabisa. Narudisha nyama, nakamua ndimu, nageuza mara mbili tatu, naondoa. Kabichi lazima liwe bado linakwaruza kwenye meno. Mume wangu mara ya kwanza alisema mboga haijaiva. Nikamwambia imeiva, meno yako ndiyo yamezoea uvivu.

Alikula bila kulalamika. Tatizo lake lilikuwa mkono. Mkono wa kulia ulikuwa umezoea kumega ugali, kuufinya, kuutia shimo kwa dole gumba, na sasa ulikuwa unazunguka juu ya sahani haujui uanzie wapi. Nilimpa uma, akaushika kama bisibisi. Lakini kiu ikapungua. Usiku akawa analala. Na kidonda, baada ya kama mwezi hivi, kikaanza kuota nyama mpya pembeni, nyekundu safi, na katikati pakakauka. Nilipokiona hivyo nilikaa chini pale pale kwenye sakafu na kitambaa mkononi nikalia. Akaniuliza kuna nini. Nikasema hakuna, ni moshi. Na moshi ulikuwa haupo.

Ndipo mama yake akaja.

Dereva mmoja wa lori, mtu wa kwao, alikuwa amepita kwetu akatukuta mezani. Akaona sahani ya bwana mkubwa haina ugali. Akaenda na habari hiyo mpaka kaskazini, na kila alipoisimulia bila shaka aliiongezea urefu. Mama mkwe aliposikia kwamba mwanawe amekonda na yule Mkenya wake anamlisha majani, hakusubiri barua. Alipanda lori la pamba na mfuko wa unga wa muhogo na wimbi, akashuka Kampala akauliza Naguru iko wapi, akafika mlangoni kwangu jioni, mama mrefu, mwembamba, kanga kiunoni, mfuko kichwani, hajaushika kwa mkono.

Lazima nieleze huyu mama alikuwa nani kwa mwanawe. Alikuwa amezaa watoto wengi akawazika wote, wengine wadogo, wengine watu wazima, na huyu ndiye aliyebaki. Marehemu mumewe alikuwa askari enzi za Mwingereza, na ndiko mama alikokipata Kiswahili chake, Kiswahili cha kambini, hakina haraka na ngeli za mtu. Lugha hiyo ndiyo tuliyoishi nayo mimi na yeye, kwa kuwa ya kwao sikuijua.

Usiku ule nilipika vizuri kuliko siku zote. Nikamsongea yeye ugali kwa unga wake mwenyewe, nikajitahidi, ukatoka na mabonge. Mume wangu nikampa sahani yake. Mama akaitazama.

"Hii mboga," akasema. "Chakula iko wapi?"

"Ndicho hicho, mama."

"Mimi nauliza chakula."

Mume wangu akamweleza kwa lugha yao, kwa utaratibu, akihesabu kwa vidole vile vile alivyohesabu daktari. Mama akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akanigeukia mimi.

"Wewe nakula ugali?"

"Ninakula kidogo, mama."

"Wewe nakula. Mimi nakula. Mutoto yangu hapana."

Nilihisi uso ukinichoma. Nimejaliwa ulimi mwepesi, na maneno yalikuwa yamejipanga mlangoni, lakini mume wangu alinigusa goti chini ya meza. Nikainuka kuleta maji. Tangu usiku ule niliacha ugali na mimi, kwa hasira tu, na hiyo ndiyo sababu mpaka leo siujali sana.

Asubuhi akamfungua mwanawe bendeji akakiona kidonda kwa macho yake. Alikitazama muda mrefu, akakinusa, akabonyeza pembeni kwa kidole. Nikamwonyesha palipoota nyama mpya. Akaitikia kwa kichwa taratibu, akakubali kwamba kinapona. Tukaafikiana, kwa maneno machache: mimi nipike ninavyopika, yeye atakaa aone. Kikipona atarudi kwake kwa amani. Kikirudi nyuma atamchukua mwanawe kijijini kwa mganga wanayemjua. Nilijua maana yake. Kule hakuna daktari wa kukata wala wa kushona, na mguu ukioza kule, unamchukua na mwenyewe.

Kuishi naye, nitasema haki, hakukuwa kubaya. Alikuwa msafi kupita mimi. Alifagia uwanja kabla jua halijatoka, na wake wa polisi waliokuwa wakilala mpaka mchana wakaanza kuona aibu. Aliniona nikikata nyama akachukua kisu, akajaribu, akakata minofu minene ya kulisha mbwa, nikamwonyesha tena namna ya kukilaza kisu na kukata kinyume na nyuzi. Nikimwaga nyama karaini yeye alisema Bismillahi, mimi nikafanya ishara ya msalaba, na nyama ikaiva vile vile. Siku moja alionja kipande kutoka kwenye mwiko, akatafuna, akasema, "Hii tamu. Lakini si chakula." Nililichukua hilo kama sifa.

Lakini kidonda kikaanza kurudi nyuma.

Kwanza niliona katikati pamelowa. Nikasema ni jasho la buti. Nikamfanya avae ndala. Kisha ile nyama mpya ya pembeni ikafifia, ikawa ya kijivu, na kiu ikarudi, na usiku nikawa namsikia akifungua mlango na kufunga. Nilianza kutafuta mchawi. Nikamshuku fundi mwenzake kwamba anampa matoke kazini. Nikaenda mpaka gereji nikamuuliza mbele ya watu, masikini ya Mungu, akaapa kwa mama yake kwamba mume wangu hula mayai mawili niliyomfungia na hagusi kingine. Nikamshuku mke wa sajenti. Nikaishuku karoti, nikaiondoa. Nikapunguza kitunguu. Nikawa naamka mapema zaidi kwenda Nakawa, nipate nyama ya kutosha milo yote, ashibe asitamani kitu.

Mama kila jioni alikuwa anashika taa nikifungua bendeji. Alikuwa anaangalia kidonda, kisha ananiangalia mimi, na nilijua anahesabu siku za lori linalokwenda kwao.

Asubuhi moja nilifika sokoni nikakuta ndoano tupu. Ng'ombe wote walikuwa wamepanda lori kwenda Mbuya, na mchinjaji alikuwa anaosha meza iliyokuwa haina hata damu. Nikageuka. Nilifika nyumbani saa ambayo kwa kawaida ningekuwa bado kwenye foleni, nikaingia kwa mlango wa nyuma, moja kwa moja jikoni.

Walikuwa wamekaa, mama kwenye kigoda, mwanawe kwenye kiti changu, mguu ameuegesha kwenye debe. Ameshika bakuli kubwa la bati kwa mikono miwili, linafuka mvuke. Hakushtuka. Hakuficha. Aliinua macho akatabasamu.

"Umewahi leo," akasema. "Karibu uji."

Mama akaanza kunitafutia kikombe.

Nikalichukua lile bakuli nikalitazama. Uji wa muhogo na wimbi, mzito, umetiwa ukwaju, unanukia vizuri. Nikaonja. Sukari haikuwemo hata chembe. Nikauliza, sauti yangu nikaisikia iko mbali, kama anakunywa kila siku. Mama akanijibu yeye, kwa fahari kabisa. Kila siku. Tangu alipofika. Wewe ukienda soko mimi nakoroga, yeye nakunywa anaenda kazi na nguvu. Bila sukari, alinihakikishia, yeye anajua ugonjwa hii ni ya sukari, hapana weka hata kidogo.

Mnaelewa? Hapakuwa na mwizi pale. Daktari alikataza kula vitu fulani, na mume wangu hakuvila hata kimoja. Uji kwetu sote, pwani na kaskazini, si kitu cha kula. Uji ni wa kunywa. Uji ni wa mzazi aliyejifungua, wa mtoto aliyeachishwa ziwa, wa mgonjwa asiyeweza kingine. Ukiugua popote Afrika hii, mama yako atakuletea uji. Alikuwa anamtibu mwanawe kwa kitu kile kile alichomlea nacho, na mimi kila alfajiri nilikuwa ninawapisha.

Nililiweka bakuli mezani. Nikamwambia mume wangu tunakwenda hospitali sasa hivi.

"Muache amalize kwanza," mama akasema.

Nilitoka nje. Kama ningebaki ndani, ningesema maneno ambayo yasingerudi mdomoni. Nilisimama karibu na kamba ya nguo nikaishika kwa mikono miwili, kisha nikaenda gereji kuomba gari.

Fundi mwenzake, yule yule niliyemshuku, alitupeleka na gari la gereji. Kwenye kiti cha nyuma nikamwambia mume wangu: "Ni uji."

"Daktari hakutaja uji."

"Uji ni unga, bwana. Ni ugali uliozidishiwa maji."

Alitazama mguu wake barabara yote ya kuteremka. Niliona analipanga jambo lile kichwani, sehemu kwa sehemu, kama anavyopanga injini. Kisha akasema, "Usimwambie mama."

"Nisimwambie?"

"Amewazika wote. Nimebaki mimi tu, asijue kwamba yeye ndiye aliyeniumiza. Nakuomba. Usimwambie."

Sikumwahidi. Nilikuwa na hasira hata naye, kwa upole wake.

Daktari kijana alipoambiwa habari ya uji alikaa kitini akajishika kichwa. "Hata kwetu mgonjwa hupewa uji," akasema. "Sikufikiria." Ilikuwa heshima yake kusema hivyo. Mchana ule walikata vidole viwili. Akaniambia mguu wenyewe bado una nafasi, lakini nafasi moja tu, na unga usimguse tena kwa namna yoyote, wa kutafuna wala wa kunywa.

Mguu ulibaki, niseme mapema nisiwatie roho juu. Alitembea nao miaka mingi, akichechemea kidogo, akaja kufa mzee, kwa jambo jingine kabisa. Lakini jioni ile mimi sikulijua hilo. Nilijua vidole viwili na nafasi moja.

Nilirudi Naguru jua likiwa linazama. Mama alikuwa jikoni. Mke wa sajenti alikuwa ametugawia nyama kidogo, na mama alikuwa amekwisha kuikata, nyembamba, safi, kinyume na nyuzi. Makaa yalikuwa mekundu. Karai lilikuwa juu. Alitaka mwanawe apelekewe chakula hospitali.

"Walikata?"

"Vidole viwili, mama."

Akanisogezea sahani ya nyama. Mimi nikatia shahamu, nikageuza karai lienee. Nikatia nyama.

"Yeye alikuwa napona," akasema nyuma yangu. "Wewe ulionyesha mimi, na mimi niliona. Halafu mimi nakuja, yeye naacha kupona. Mimi nafikiri siku yote. Mimi nilileta nini hapa?"

"Hukuleta kitu, mama. Dawa hazipo hospitali."

"Mimi nilileta uji."

Nikageuka. Alikuwa ananitazama usoni, na nitakuambia nilichokiona: mama aliyesimama mbele ya makaburi yake yote akiuliza kama la mwisho alilichimba mwenyewe. Hasira yangu yote ya siku ile niliitafuta, sikuiona. Nilikumbuka nilichoombwa garini.

"Si uji," nikasema.

"Si uji?"

"Si uji, mama. Ni dawa."

Alishusha pumzi. Mabega yalimshuka, uso ukalegea, akawa mzee na mdogo kwa pamoja. Akasema Alhamdulillahi, akarudia. Nikafurahi kwamba nimedanganya. Nilikuwa tayari kudanganya hivyo mbele ya kasisi.

Kisha akainuka, akaufungua mfuko wake wa unga. Akachota, akamimina kwenye lile bakuli la bati, akatia maji, akaanza kukoroga kwa mkono, kama alivyokuwa akiuloweka kila jioni, mimi nikidhani ni wa kwake mwenyewe, ili uchachuke kwa kesho yake.

"Hospitali hawajui uji," akasema. "Asubuhi mimi napelekea yeye. Akikunywa hii, nguvu narudi."

Nilitazama mkono wake ukizunguka ndani ya unga. Nilimsikia daktari akisema nafasi moja.

"Usimpe, mama."

Mkono ukasimama.

"Asubuhi?"

"Siku yoyote. Usimpe tena."

Hakuuliza kwa nini. Aliinama juu ya bakuli, mkono ndani ya maji ya unga, kisha akaniangalia.

"Basi ni uji," akasema.

Alitoa mkono, akaufuta kwenye kanga, kidole kimoja kimoja, na mimi nikageukia karai, maana nyama ilikuwa inaungua.